Safari ya Utete

Mgeni aliyepita Buguruni asubuhi angedhani watu wawili wale wanataka kupigana. Romani, dresa mfunga vidonda wa disipensari, alikuwa Mnyamwezi wa Tabora, na kila akienda kazini lazima asimame barazani kwa Mwishehe, Mzaramo msuka vitanda, amtukane kwanza. "We mzee, umeamka tena? Sie tumeshatafuta sanda!" Mwishehe, mtu wa umri wa kumzaa, alikuwa akikaza kamba kwa kuikanyagia gumba la mguu, na hata kichwa hainui. "Pita, mpagazi wee! Mizigo ya watu inakungoja!" Hapo wote wawili wangecheka, na siku ikawa imeanza. Ndio utani wa makabila yao, walioachiwa na babu zao tangu enzi za misafara, na mtani hana adabu wala hatakiwi kuwa nayo.

Mwaka ule Malkia wa Uingereza alipotawazwa, watoto wa shule wakapewa vibendera vya kupungia, Mwishehe alianza kukonda. Tumbo likavimba upande wa kulia na macho yakawa manjano kama bizari. Romani mwenyewe ndiye aliyempeleka hospitali mjini. Alilazwa, akapimwa, kisha akarudishwa nyumbani. Kabla hajatolewa, bwana daktari, Mzungu mmoja mpole, aliwaita kando Romani na Pazi, mdogo wake Mwishehe. Uvimbe umekula ini, akawaambia, hakuna kisu wala dawa ya kuutoa. Lililobaki ni kumpunguzia maumivu.

"Na mgonjwa asiambiwe," akasema. "Mwacheni na tumaini lake. Wewe dresa, kazi yako kupeleka dawa, si kupeleka habari."

"Ndiyo, bwana," Romani akajibu. Tuseme kweli, alifurahi. Ni nani anayependa kubebeshwa habari kama ile?

Mauwa, mke wa Mwishehe, alipoambiwa alilia jikoni, akanawa uso, akatoka na neno lile lile. "Usije ukamchuria mume wangu. Mgonjwa huambiwa utapona, basi." Kwa hiyo Romani akawa anakuja na dawa ya maumivu, anasema utapona, anaondoka haraka.

Mambo yangeishia hapo, lakini Pazi alisikia habari za mganga wa kienyeji wa Utete, huko Rufiji. Mfa maji haachi kutapatapa, na huyu alimpenda kaka yake. Akapata nafasi kwenye lori la mfanyabiashara wa mchele, waondoke Ijumaa baada ya sala. Masika yalikuwa yamekolea. Njia ya Rufiji msimu ule ilikuwa tope tupu, malori yakinasa humo na abiria wakilala porini. Romani aliyajua maumivu ya mzee wake. Hata Mbagala wasingefika kabla hajaanza kupiga mayowe. Alimwambia Pazi hivyo.

"Nyie wa hospitali mmeshindwa," Pazi akamjibu. "Sasa mnataka kumzuia asiende kwa anayeweza?"

Romani akachukua mfuko wake wa dawa akaondoka, maana Pazi hakuwa mjinga, na kushindwa kweli walikuwa wameshindwa.

Lililomkosesha raha hasa ni maneno ya Mwishehe mwenyewe. Mzee alikuwa na binti, Mwanahawa, aliyeolewa Kisarawe na mtu ambaye baba hakumtaka. Walitoleana maneno mabaya siku ya harusi, na tangu hapo hawajaonana. "Nikirudi kutoka Utete mzima," Mwishehe alimwambia Romani huku akimeza dawa, "nakwenda Kisarawe kumtaka radhi mwanangu. Lakini nitakwenda kwa miguu yangu. Sitaki anione nimebebwa kama furushi."

Romani alirudi nyumbani na maneno hayo. Mzee yule alikuwa ameliweka jambo kubwa kuliko yote nyuma ya uponaji usiokuwepo. Daktari kamkataza, mke kamkataza. Lakini utani je? Mtani husema lolote, na hakuna wa kumshitaki. Akajiona mwerevu.

Kesho yake akasimama barazani, mikono kiunoni. "Mzaramo, Utete hufiki! Ini lako limekwisha, daktari kaniambia kwa kinywa chake. Utatufia njiani. Mwite Mwanahawa leo hii!"

Mwishehe alicheka mpaka akajishika ubavu. "Mauwa! Njoo umsikie mpagazi! Kila siku ananizika huyu, mate hayamkauki!" Naye Mauwa akacheka, kicheko cha kujilazimisha, huku akimkata Romani jicho.

Romani akaondoka amenywea. Alikuwa amemuua mtu yule kila asubuhi kwa miaka. Leo nani angemwamini?

Alhamisi alifika bila kelele. Mwishehe alikuwa amelala kwenye kitanda cha kamba alichokisuka mwenyewe, kanzu ya safari imekunjwa kichwani pake. Mauwa alikuwa akipeta mchele mlangoni. Romani akavua viatu, akaketi chini mkekani, akainamisha kichwa.

"Shikamoo, Mzee Mwishehe."

Ungo wa Mauwa ukasimama.

"Umesemaje?" Mwishehe akauliza.

"Shikamoo, baba."

Mzee alijiinua kwa kiwiko. Alimtazama Romani, akitafuta kicheko usoni pake, asikione. Vidole vyake vikazishika kamba za kitanda.

"Kumbe jana hukuwa ukitania."

"Sikuwa, baba."

"Nitamaliza masika haya?"

"Ajuaye ni Mungu. Mie sidhani."

Mauwa aliutupa ungo, mchele ukamwagika. "Umemuua! Dresa umemuua mume wangu! Alikuwa analala vizuri, alikuwa anakula!" Romani akaanza kuuokota mchele. Alijiona kama mwizi aliyeshikwa ndani ya nyumba ya watu.

Mwishehe alikuwa akilia bila sauti. Kisha akageuza uso. "Nawe ulijua, mke wangu?" Mauwa akajifunika kanga usoni, na hilo likawa jibu.

Ijumaa lori la mchele liliondoka bila mgonjwa. Pazi alimpita Romani njiani asimsalimu, akashika njia ya Kisarawe kumfuata Mwanahawa, maana ndivyo alivyoagizwa na kaka yake. Romani alipiga hodi na dawa, Mauwa akaipokea kwa mlango uliofunguliwa nusu, akaufunga. Ikawa hivyo hivyo hata Mwanahawa alipowasili. Romani akiwa uani alisikia baba na binti wakilia, kisha wakizungumza chini chini, na moyo wake bado ukawa na hofu. Hakuna aliyemwambia kama alifanya vyema, na mwenyewe hakuwa na hakika.

Mauwa akatoka. "Sijakusamehe. Lakini anakuita."

Mwishehe alikuwa amelaza kichwa mapajani kwa binti yake, amebaki mifupa mitupu. Romani akainama. "Shikamoo, mzee."

"Sitaki!" Sauti ilikuwa ndogo, lakini ilikuwa na hasira ya kweli. "Heshima hiyo ilinifikishia habari, nami nimeipokea. Sasa kila mtu humu ndani ananinong'oneza kama niko kaburini. Mtani wangu yuko wapi? Nitukane, Mnyamwezi."

Romani akatafuta la kumtukana. Matusi yote aliyoyajua yalikuwa ya kifo, na kifo chenyewe kilikuwa kimekaa nao pale chumbani.

"Nitukane bwana. Mbona unaniacha peke yangu?"

Machozi yakamtoka Romani, akayaacha. "Mzaramo mvivu wee," akasema. "Hata kufa, unakufa umelala."

Mwishehe alicheka mpaka Mwanahawa akamshika kifua. Mauwa akakivuta kigoda kwa mguu, akamsogezea dresa akae.