Kidole Gumba cha Baba

Vipimo vya damu vilinipa alama za katikati, si mzima si mgonjwa, ndiyo maana nimelala hapa kwenye kitanda cha vipimo, mashine ikinigongagonga mbavuni kupima ugumu wa ini.

“Usijikaze, mama,” daktari ananiambia. Nisijikaze, na jeli aliyonipaka mbavuni ni baridi kama barafu!

Baba yangu, muuza nyama, hakuhitaji mashine. Alibonyeza kila ini kwa kidole gumba; likiwa gumu alilitupa, mteja anune asinune.

“Lako bado laini,” daktari anasema.

Ningeshangilia, ila nimemkumbuka baba mwaka ule aliofariki kwa ugonjwa wa ini. Kila asubuhi, kabla ya kufungua bucha, alijibonyeza chini ya mbavu kwa kidole kilekile.

Sisi tulidhani anajikuna.