Neno la Mguuni

Madirisha ya chumba kile yalizibwa kwa karatasi nyeusi, ati jua lisifubaze vitabu vya zamani. Vitabu vilihifadhika vizuri sana. Aliyekuwa akifubaa ni Shifaa, aliyekaa navyo tangu mwaka juzi. Dubai yake yeye ilikuwa ni honi za mtaa wa Al Mankhool zikipanda kutoka ghorofa sita chini, na duka la kona aliloshukia kila Ijumaa kununua vitunguu na sabuni.

Alikuwa binti wa Mzee Mubin wa kisiwa cha Pate, mmoja wa mafundi wachache waliobaki wanaojua kunakili kitabu kwa kalamu ya mwanzi na kukitia nakshi kwa rangi tatu: nyeusi, nyekundu na manjano. Hakujaliwa mtoto wa kiume, basi kazi yote akampa huyu. Na alimfunza kwa ukali. Kila ukurasa ukijaa, chini kabisa kwenye kona, unaandika neno moja: lile litakaloanza ukurasa unaofuata. Ndilo neno la mguuni. Kitabu kikifumuka, karatasi zikitawanyika, mshonaji atazipanga kwa maneno yale. Shifaa akilisahau, baba yake aliuchana ukurasa mzima na kumwambia aanze upya, hata kama chakula kipo mezani. Akiwa na miaka kumi hakulisahau tena. Mkono ulilitia wenyewe, kama mtu anavyofunga mlango akitoka.

Mwenye chumba, na mwenye viza ya Shifaa, alikuwa Madam Hind. Alizaliwa Dubai, ila wazee wake walitoka Unguja, na Kiunguja chake kilikuwa laini, cha kukufanya ukubali jambo kabla hujaambiwa ni jambo gani. Alikuwa na kitabu cha urithi: kasida ya kale ya Kiarabu, na kati ya mistari, kwa wino mwekundu, tafsiri yake ya Kiswahili kwa hati zile zile za Kiarabu. Karatasi sita za mwisho mchwa walizila. Shifaa aliletwa kuziba matobo, na kuziba matobo ni kazi ya halali kabisa.

Lakini mwaka huu Madam alikuja na karatasi sita kuukuu, tupu, zilizong'olewa katika daftari la zamani.

"Kimalizie, mwanangu," alisema. "Kiarabu chake kipo kwenye vitabu vya chapa. Wewe kitie Kiswahili, kile cha kikwenu cha zamani, na maua yake pembeni. Mwisho uandike kwamba aliyefasiri ni Bi Zuhura, bibi yake bibi yangu."

"Kwani ni yeye kweli, Madam?"

"Kimekaa nyumbani kwetu miaka yote hiyo. Nani tena? Basi, khalas. Ukimaliza, paspoti yako hii hapa, na tikiti juu."

Paspoti ilikuwa kwenye mkoba wake, na mkoba haukumtoka begani.

Shifaa alikuwa na haraka, na haraka yake Madam aliijua. Mzee Mubin alikuwa na presha ya macho. Daktari wa Mombasa alisema mwanga uliobaki hautavuka Ramadhani, nayo ilikuwa karibu. Jicho moja lilikwisha zima. Shifaa hakutaka kingine duniani ila afike Pate baba yake amwone uso, mara moja tu, kabla hajabaki kumjua kwa sauti.

Shoga yake Kawthar, aliyetandika vitanda katika hoteli ya chini, alimfokea. "Kukuzuilia paspoti ni makosa hata hapa! Enda ukashtaki."

"Nitaambiwa nieleze kazi yangu ni ipi. Nitasema nini? Kwamba nimekaa naandika kitabu cha miaka mia na hamsini?"

Mkono ulioghushi ulikuwa wa Shifaa, wino ulikuwa wa Shifaa. Madam hakushika hata kalamu. Tuseme ukweli, alimweka mahali pabaya, tena kwa maneno matamu.

Basi aliandika. Na la kusikitisha ni kwamba aliandika vizuri. Alitafuta maneno ya bibi zake, yale yasiyosemwa tena sokoni, akayapanga mekundu chini ya Kiarabu cheusi mpaka beti zikakaa. Siku nyingine alijisahau akafurahi, kisha akajichukia. Ukurasa wa mwisho peke yake ulimla siku tisa kwa nakshi. Siku ya kumi, asubuhi, aliandika jina la Bi Zuhura, akaandika *tamat*, kwamba kimekwisha. Mkono uliendelea kidogo lakini yeye hakuwa nao tena. Moyoni alikuwa akisafiri: Madam atatoa paspoti, kisha uwanja wa ndege, kisha Mombasa, kisha mashua, kisha Baba. Akafunika ukurasa kwa karatasi safi, akaenda kuoga.

Madam alikuja saa kumi jioni na Bwana Walid, mjuzi wa vitabu vya kale, mzee mpole aliyekuwa akitayarisha maonyesho. Hakuambiwa lolote. Alivaa miwani yake, akafungua karatasi moja moja kwa ncha za vidole. Madam alimkonyeza Shifaa, akafungua mkoba, akaiweka paspoti mezani kando ya kikombe cha kahawa. Ilikuwa hatua mbili tu. Shifaa aliitazama mpaka macho yakamwasha.

"Mashallah," alisema Bwana Walid kwa Kiarabu. "Mkono ni ule ule mwanzo mpaka mwisho." Akafika ukurasa wa mwisho, akainama zaidi. "Ajabu. Ameandika tamat, lakini chini hapa kuna neno. Hiki ni Kiswahili. Nisomeeni."

Shifaa alisogea. Kwenye kona, kwa mwandiko wake mwenyewe mzuri, wino ukiwa umeshika barabara, palikuwa na neno alilolitia bila kujua.

"Kisha," alisema.

"Basi kitabu kinaendelea!" Bwana Walid alivua miwani kwa furaha. "Kasida imekwisha, na yeye ameanza lake mwenyewe. Bibi yenu hakuwa mfasiri tu, ametunga! Zilizobaki ziko wapi?"

Shifaa alimtazama Madam. Sema kwamba ni kosa, alimwomba kimoyomoyo. Lakini kosa la nani? Kusema hivyo ni kusema nani aliandika. Akafungua kinywa aseme yeye, akaiona paspoti, akawazia na askari atakayeishika baada ya Madam, akakifunga.

Madam hakukawia hata kidogo. Uso ulimng'ara. Bibi mtunzi ni zaidi ya bibi mfasiri.

"Zipo," alisema. "Ziko Unguja, kwa jamaa. Zitaletwa, inshallah."

"Lini?"

"Kazi ya kuzitengeneza tu. Miezi sita? Shifaa atasimamia." Akaichukua paspoti, akairudisha mkobani, akafunga zipu. Bwana Walid alipotoka, alimpigapiga Shifaa begani bila hasira yoyote. "Karatasi nitazitafuta. Wewe anza kufikiri. Kisha nini?"

Shifaa alibaki peke yake na taa ya mezani. Alifikiria kulikwangua neno lile, lakini mkwaruzo ungeonekana, na Bwana Walid alikwisha kulipiga picha. Simu ikalia. Ni baba yake, na kamera ilielekea dari, maana hakuona tena pa kuielekeza.

"Umekifunga kitabu, mwanangu?"

"Bado, Baba. Kuna kurasa zimeongezeka."

"Nyingi?"

"Nyingi."

Mzee hakuuliza atakuja lini. Aliuliza alilomuuliza tangu akiwa na miaka saba.

"Neno la mguuni umelitia?"

"Nimelitia, Baba."

"Ahsante," alisema, na Shifaa alisikia anatabasamu. "Hata nisipokuona tena, hapo nitakujua."